Miguu ya Mama wa Ng'onda: kisa cha dawa ya kutanua mishipa

Alipovua ndala ndipo nilipoona. Mikanda ilikuwa imechimba alama juu ya nyayo zake zote mbili, na alama hizo zilikuwa bado zipo baada ya kukaa kwenye benchi karibu nusu saa akisubiri zamu. Nikabonyeza kwa kidole gumba juu kidogo ya kifundo, penye mfupa wa ugoko, nikahesabu hadi 10, nikaachia. Shimo likabaki pale pale, limetulia kama alama ya kidole kwenye unga uliokandwa.

"Mwanangu," akaniambia, "mimi nimeshajua. Haya ni matende. Usinifiche."

Nitamwita Mama wa Ng'onda, kwa sababu ndiyo biashara yake: anapasua samaki, anawatia chumvi, anawaanika na kuwauza, kaskazini kidogo ya mji wa Lindi. Jina lake nimeliacha, na mambo madogo ya nyumbani kwake nimeyageuza asitambulike. Ana miaka 58, mjane, na ana mikorosho michache aliyoachiwa na mjomba wake. Mimi ni afisa tabibu katika kituo cha afya mkoani humu. Kisa hiki nakiandika kwa sababu kilianzia mkononi mwangu, na kwa miezi mitano kila mtu aliyemgusa mama huyu, nami nikiwemo, aliongeza kidonge.

Mwezi Machi alikuja analalamika kisogo kinamuuma na asubuhi anaamka na kichwa kizito. Presha ilisoma 186/112. Nikampumzisha, nikapima tena mkono wa pili: 182/110. Siku ya tatu 184/108. Sukari haikuwepo, mkojo ulikuwa safi. Nikamwandikia amlodipini ya miligramu 10, kidonge kimoja kila siku, arudi baada ya mwezi.

Kwa kawaida mtu huanzishiwa miligramu 5, kisha huongezwa. Nilimpa 10 moja kwa moja kwa sababu niliangalia nauli yake ya bodaboda, nikaangalia na ile 112 ya chini, nikahofia asiporudi presha itabaki juu. Kuhusu miguu sikumwambia neno. Foleni ilikuwa ndefu siku ile.

Presha yenyewe iliitika vizuri. Daftari lake, lile la shule la kurasa 40 alilolifunga kwa karatasi ya nailoni lisilowe, linaonyesha 148/90 mwezi Aprili. Nakumbuka nilifurahi. Sikumwambia anyanyue khanga nione miguu.

Amlodipini iko katika kundi la dawa zinazozuia madini ya kalisi (kalsiamu) yasiingie kwenye misuli ya kuta za mishipa. Msuli wa mshipa unahitaji kalisi ili ujikaze. Yakipungua, unalegea na mshipa unatanuka. Mishipa inayotanuka zaidi ni ile midogo ya ateri, yaani mishipa inayoleta damu kutoka moyoni, ile ya mwishomwisho kabla damu haijaingia kwenye kapilari, vimishipa vyembamba kuliko vyote, na hapo ndipo presha inapotengenezwa au kuvunjwa. Hesabu yake inashangaza kila ninapoirudia: ukinzani wa mshipa unategemea upana wake kwa kipeo cha nne. Mshipa ukitanuka kwa sehemu 1 tu ya 10, ukinzani wa damu kupita unapungua kwa karibu theluthi moja. Ndiyo maana kidonge kidogo namna ile kinaweza kushusha namba 184 hadi 148 bila mgonjwa kuhisi chochote.

Lakini amlodipini inafungua upande wa kuingilia kuliko upande wa kutokea. Anayejua mashamba ya chumvi ya hapa Lindi ataelewa upesi. Maji ya bahari huingizwa bwawani wakati wa bamvua, na yana mfereji wake wa kutokea. Panua mlango wa kuingilia, uache mfereji wa kutokea vilevile, na bwawa litajaa mpaka linavuja kingoni. Mvua haijanyesha, bahari haijaongezeka. Ndivyo ilivyo miguuni. Ateri ndogo zimefunguka, vena, mishipa inayorudisha damu moyoni, zimebaki na upana wake ule ule, msukumo ndani ya kapilari unapanda, na maji yanavuja kwenda kwenye nyama ya mguu, hasa jioni kwa mtu anayeshinda amesimama kwenye vichanja vya samaki.

Hili linajulikana, na linafuata dozi. Katika majaribio yaliyofanywa kabla dawa hii haijaruhusiwa sokoni, waliovimba kwa miligramu 5 walikuwa karibu 3 kati ya 100. Kwa miligramu 10 wakawa karibu 11. Wanawake walivimba zaidi ya wanaume, karibu 15 kati ya 100 dhidi ya chini ya 6. Mwanamke, miligramu 10, kazi ya kusimama: nilikuwa na kila sababu ya kumtahadharisha.

Miguu ilianza kujaa mwanzoni mwa Mei. Akaenda duka la dawa lililo karibu na kwake. Kijana wa pale, ambaye naamini alikusudia mema, alitazama miguu akasema, "Mama, hayo ni maji. Tuyatoe." Akampa furosemaidi ya miligramu 40, dawa ya kukojoza.

Kwa akili ya kawaida anayeona maji anatoa maji, na wapo wagonjwa ambao kijana yule angekuwa sahihi kwao. Nitalirudia hilo mbele. Kwa mama huyu maji hayakuwa yamezidi mwilini. Yalikuwa yamehama tu, yametoka kwenye mishipa yakakaa kwenye nyama. Furosemaidi inavuta kutoka kwenye damu kupitia figo. Ni kama kuona bwawa la chumvi limejaa, ukaenda kuteka baharini kwa ndoo. Mama alikojoa usiku na mchana, mdomo ukamkauka, miguu ikabaki vile vile. Alipoona haipungui, akafanya viwili kwa siku.

Pamoja na mkojo ilikuwa inatoka potasiamu. Mwezi Juni mashavu ya miguu yakaanza kumkaza usiku mpaka analia. Alirudi dukani, mara hii akamkuta mtu mwingine, akapewa diklofenaki kwa maumivu. Diklofenaki na ndugu zake, kama ibuprofeni, hufanya figo zishike chumvi na hupunguza nguvu ya dawa nyingi za presha. Amlodipini huathirika kidogo kuliko nyingine, hilo ni kweli, lakini dawa za kukojoza zinaathirika sana, na figo lililokaushwa na furosemaidi halafu likapewa diklofenaki liko hatarini. Mwishoni mwa Juni alikuja kituoni siku nisiyokuwepo zamu. Kwenye daftari imeandikwa 162/98, na chini yake neno moja: "Aendelee."

Neno hilo limenikalia. Nalijua kwa sababu nami nimeliandika mara nyingi, kwenye madaftari mengi.

Julai akaacha kila kitu. Majirani walishaanza kumtazama miguu, na huku kwetu pwani ya kusini mguu ukijaa jambo la kwanza linalokuja mdomoni ni matende. Ugonjwa huo tumeishi nao. Wazee wengi wanaukumbuka kwenye koo zao, na kila mtu amewahi kumeza vidonge vya kampeni. Mama akaogopa. Dada yake akamchemshia mizizi. Akaacha amlodipini, akaacha ya kukojoza, akaacha na ya maumivu, akanywa mizizi. Ndani ya siku kumi hivi miguu ikanywea, na sifa zote zikaenda kwenye mizizi.

Kulikuwa na kitu kingine kilichomdanganya. Siku nne tano za kwanza bila kidonge alipima presha kwa mtu mwenye mashine pale kijijini, ikawa 150 na kitu. Akasema dawa ya hospitali sina haja nayo. Kumbe amlodipini haiondoki mwilini haraka. Inachukua kati ya saa 30 na 50 kupungua nusu, kisha muda kama huo tena kupungua nusu ya iliyobaki. Alikuwa bado anaishi kwa vidonge vya wiki iliyopita. Tabia hii ni neema kwa aliyesahau siku moja, na kwa wanaofunga Ramadhani, kwa kuwa kidonge kimoja wakati wa futari kinatosha. Kwa aliyeamua kuacha kabisa, inampa siku kadhaa za kuamini kwamba amepona.

Mwanzoni mwa Agosti kichwa kilimpasuka. Akapelekwa mahali pa kutibia, sitapataja, presha ikasoma 204/118. Hakuwa na maumivu ya kifua, hakupooza popote, macho yalikuwa yanaona, akili yake ilikuwa timamu. Mtu mmoja akachukua kidonge laini cha nifedipini, akakitoboa kwa sindano, akamkamulia chini ya ulimi.

Nifedipini ni ndugu wa amlodipini, lakini ile ya muda mfupi inakwenda kasi mno. Mishipa ya mwili mzima inafunguka kwa mpigo mmoja, presha inaporomoka, moyo unaanza kukimbia kuifukuzia, na ubongo uliozoea msukumo mkubwa kwa miezi au miaka unajikuta hauna wa kuusukumia damu. Tangu katikati ya miaka ya 1990 wataalamu wamekuwa wakionya wazi dhidi ya utaratibu huo, kwa sababu watu walipata kiharusi na mshtuko wa moyo mikononi mwa waliokuwa wanawasaidia. Mimi nilipokuwa mwanafunzi bado niliuona ukifanyika, na waliofanya walikuwa wanaheshimika.

Baada ya kama nusu saa presha ya mama ilikuwa 104/58. Giza likamjaa machoni, akaanguka kutoka kwenye kiti, na mkono wake wa kushoto ukawa mzito kwa karibu saa moja kabla haujarudi. Mkono ulirudi wote. Ningependa kusema kitu kingine hapa, lakini kila nikikaribia naona ule mkono, na kazi yake ni ya mikono.

Mtu aliye na 204/118 bila dalili ya kiungo kuumia hahitaji kushushwa kwa dakika. Anapumzishwa mahali tulivu, anapewa vidonge vyake vya kawaida alivyoacha, anapimwa tena, na presha inashuka kwa saa na siku. Hata yule ambaye ubongo au moyo umeshaanza kuumia, anayehitaji sindano hospitalini, katika saa ya kwanza kwa kawaida hashushwi zaidi ya robo.

Walipomruhusu walimrudishia amlodipini ya miligramu 10 na furosemaidi. Wiki tatu baadaye ndipo akakaa mbele yangu, miguu imejaa tena, anasema ni matende.

Siku hiyo niliweka kalamu chini nikamwambia anisimulie kuanzia Machi, bila kuruka kitu. Alisimulia kwa karibu saa nzima, na watu wa foleni walinivumilia. Alipofika kwenye mizizi nikamsimamisha.

"Mama, mizizi ulianza siku gani?"

"Siku ile ile niliyoacha vidonge."

"Na miguu ilipojaa tena, mizizi ulikuwa umeiacha?"

Akafikiri. "Sijaiacha mpaka leo. Nimekunywa asubuhi."

Akanyamaza, akaitazama miguu yake. Mizizi ipo, miguu imejaa; kidonge kimerudi, miguu imerudi. Jaribio alikuwa amelifanya mwenyewe, kwa usafi kuliko ambavyo ningeweza kumpangia.

Hata hivyo nilipima yote, maana mguu uliovimba una mlango wa magonjwa mengi. Mshipa wa shingo haukuwa umetuna, mapafu yalikuwa safi, analala bila kunyanyua kichwa: moyo haukuonekana umeshindwa. Mkojo hauna protini. Tumbo laini, ini halijavimba. Miguu yote miwili ilikuwa imejaa sawasawa, ngozi laini, inabonyea, haina joto wala maumivu. Matende kwa kawaida huanza au huzidi upande mmoja, na yakikaa ngozi huwa nene na ngumu, haibonyei. Nikamzungushia futi ya fundi cherehani juu ya vifundo: kulia sentimita 27, kushoto 26 na nusu. Presha 152/94. Damu tuliituma hospitali kubwa. Majibu ya figo yalikuwa mazuri, potasiamu 2.9, wakati isingepaswa kuwa chini ya 3.5. Hiyo ndiyo iliyokuwa inayakaza mashavu ya miguu usiku.

Nilichofanya kilikuwa kuondoa zaidi ya kuongeza. Furosemaidi ikasimama. Diklofenaki ikasimama, akiumwa ameze parasetamoli. Vidonge vya potasiamu kwa siku chache, na dafu na ndizi ambazo kwao havikosekani. Amlodipini nikairudisha miligramu 5. Kisha nikaongeza losatani miligramu 50, na hii ndiyo sehemu ambayo ningependa wenzangu waitazame kwa makini.

Losatani nayo inatanua mishipa, kwa njia nyingine: inazuia homoni inayoikaza, na inalegeza hata vena. Kwa maneno ya mashamba ya chumvi, inapanua mfereji wa kutokea. Msukumo ndani ya kapilari unashuka na uvimbe unapungua, jambo ambalo dawa ya kukojoza haikuliweza kwa miezi mitatu. Juu ya hapo, losatani huelekea kubakiza potasiamu, kwa hiyo ilimfaa mara mbili, ingawa kwa sababu hiyo hiyo ilibidi nipime damu tena baada ya wiki mbili isije ikapanda kupita kiasi. (Kwa mwanamke anayeweza kubeba mimba nisingeitumia, inadhuru mtoto tumboni.)

Wapo watakaouliza kwa nini nisiiondoe amlodipini kabisa, kama ndiyo iliyomtesa. Kwa watu weusi wengi dawa za jamii ya losatani zikiwa peke yake hazishushi presha vya kutosha, kwa kuwa miili yetu mara nyingi hushika chumvi na homoni hiyo huwa chini tangu mwanzo. Mwaka 2019 yalitolewa matokeo ya utafiti uitwao CREOLE, wa wagonjwa 728 weusi katika nchi 6 za Afrika, zikiwemo Kenya, Uganda na Msumbiji, jirani zetu ng'ambo ya Ruvuma. Mchanganyiko wowote uliokuwa na amlodipini ulishusha presha kuliko ule usiokuwa nayo. Dawa nzuri kiasi hicho siiachi kwa sababu ya miguu ambayo naweza kuitibu kwa kupunguza dozi na kuipa mwenza.

Nilisema kijana wa duka angekuwa sahihi kwa wengine. Ziko dawa za zamani zinazotanua ateri moja kwa moja: haidralazini, ambayo wauguzi wa wodi za wazazi wanaijua kwa sindano ya presha kali ya ujauzito, na minoksidili, ambayo hutolewa kwa presha sugu iliyoshindikana. Hizo zikifungua mishipa, mwili unashtuka ukidhani damu imepungua. Moyo unaanza kwenda mbio, figo zinashika chumvi na maji kwelikweli, mtu anaongezeka uzito, na kwa minoksidili maji yanaweza kujaa hata kwenye mfuko wa moyo. Huyo lazima apewe dawa ya kukojoza, pamoja na nyingine ya kutuliza mapigo. Ukimtazama miguuni utaona shimo la kidole gumba lile lile. Ndiyo maana swali la kwanza kwa mwenye miguu iliyojaa na presha linapaswa kuwa: unameza nini, miligramu ngapi, tangu lini? Mama wa Ng'onda hakuna aliyemuuliza hivyo, na vidonge vyake vilikuwa kwenye pochi wakati wote.

Chumvi tulizungumza pia, kwa shida. Mtu anayeonja chumvi mkononi siku nzima ulimi wake umeshazoea. Hatukumkataza ng'onda, tulikubaliana azilowekee maji mara mbili na kumwaga kabla ya kupika, na ming'oko, vile viazi vya porini, aile na pilipili bila kuchovya chumvi. La ming'oko alilikubali kwa uso wa msiba.

Wiki ya tatu vifundo vilikuwa sentimita 24 vyote viwili. Potasiamu 4.1. Presha 138/84, na mwezi uliofuata 136/82. Jioni anasema bado miguu inajaa kidogo akisimama sana, asubuhi inakuwa imekwisha. Hilo nimeliacha, na yeye ameliacha, kwa kuwa sasa anajua linatoka wapi.

Mwezi uliopita alikuja na jirani yake, mwanamke wa makamo aliyejifunika mpaka chini. Kabla sijasema kitu, Mama wa Ng'onda aliinama, akapandisha khanga ya mwenzake, akabonyeza ugoko kwa kidole gumba na kuhesabu kwa sauti.

"Huyu hamezi kidonge cha presha hata kimoja, nimemuuliza," akasema. "Na ni mmoja tu, wa kulia. Ngozi yake hainibonyei. Mtazame vizuri huyu, mwanangu."

Nikavuta kiti karibu.